Kaburi ya Baba Ilikuwa Fupi

Mimi nimestaafu. Niko na miaka ishirini na sita na nimestaafu komedi. Kama unataka kucheka, cheka sasa tumalize, sina subira ya kungoja.

Hii naandikia nyinyi wenye mmemaliza Form Four juzi na mnanitumia meseji kila wiki. "Chebet niaje, tunaanzaje?" "Chebet, ulitoa wapi ile joke ya kaburi?" "Chebet, mbona uliwacha na watu walikuwa wanakupenda?" Nimechoka kujibu mmoja mmoja. Miaka nne nilishika maiki Nakuru, na kila mtu anakumbuka hiyo joke moja tu. Sasa nitawaambia yote. Mkimaliza kusoma mtajua vitu mbili tatu za kazi, lakini hamtajua kama komedi inasaidia mtu mwenye amefiwa. Hata mimi sijui. Nilidhani kufikia sai ningekuwa nimejua.

Mwenye alinifundisha anaitwa Mwaura. Alikuwa MC wa kila kitu: harusi, mazishi, duka ikifunguliwa. Jumapili mchana alikuwa anapanga shoo kwa hoteli moja hapo Nakuru, watu wanakula chips na sisi tunaongea. Kabla akupatie maiki, alikuwa anakupeleka jikoni kwa mpishi, Sista Rose, mwenye kazi yake kutoka asubuhi ni kukata vitunguu. Unamuambia joke yako. Kisu ikiendelea kukata, joke unarudi nayo nyumbani. Kisu ikisimama, unaenda mbele. Hiyo ndio ilikuwa interview.

Shida ni vitunguu. Sista Rose alikuwa na machozi saa zote, hata ukimuambia habari ya mvua. Kwa hivyo tulijifunza kuangalia kisu, si uso. Shikeni hiyo, nawapea bure: usiangalie uso ya mtu, angalia mikono. Uso watu wameizoesha kukaa vizuri mbele ya wengine. Mikono hakuna mtu huikumbuka.

Ya pili nilijifunza kwa aibu. Mara ya kwanza Mwaura kunipea maiki ya mazishi ilikuwa Kuresoi. Mimi nimezoea hoteli. Sanduku ikatolewa kwa gari, na mimi nikasema kwa sauti yote ya Jumapili: "Haya wapendwa, makofi ya nguvu, tumkaribishe marehemu hapa mbele!"

Na watu wengine wakapiga! Wenye wamebeba sanduku wakasimama katikati ya nyasi, hawajui waendelee ama wangoje makofi iishe. Mwaura alikuja akanitoa hiyo maiki polepole, venye unatoa wembe kwa mkono ya mtoto. Tukikula, akaniambia:

"Wewe, mazishi si hoteli. Hapa ni mtu mmoja tu anapeana ruhusa ya kucheka."

"Pastor?"

"Pastor nini! Mwenye amefiwa. Mama wa boma. Yeye akicheka, hema yote inacheka. Kama hajacheka, hata uwe mkali namna gani, unaongea na viti."

Hiyo ya mama wa boma msisahau.

Sasa joke. Baba yangu alikuwa mkulima wa viazi Keringet. Aliugua wiki mbili tu, akatuacha. Mimi ndio firstborn na nilikuwa Nakuru, kwa hivyo mambo ya mochari na fundi wa sanduku ilikuwa yangu. Kwetu kaburi inachimbwa na majirani, asubuhi hiyo hiyo ya mazishi, kabla gari ya mwili ifike. Hakuna mtu analipwa. Ni heshima. Na mkubwa wa hiyo kazi kwa kijiji yetu ni Mzee Langat, jirani ya Baba, shamba zao zinapakana kwa waya. Sijui kaburi kwetu yenye hakuchimba.

Gari ikafika, maombi ikafanywa, sanduku ikateremshwa na kamba. Ikakwama. Upande ya kichwa imeingia, upande ya miguu imekataa. Kaburi ilikuwa fupi. Sanduku ikabidi imetolewa, ikawekwa kando kwa nyasi, na Mzee Langat akarudi ndani na jembe kuongeza. Sisi tumesimama hapo tunangoja. Sijawahi kuona dakika ndefu kama hizo.

Sikulia hiyo siku. Wala kesho yake. Watu walikuwa wananiangalia wanasema Chebet ni mtu wa nguvu. Mimi nilikuwa nangoja kulia kama mtu anangoja gari, na haiji. Miezi mbili baadaye nikasimama mbele ya Sista Rose nikasema hivi:

"Kwetu Keringet hakuna tepu. Kaburi inapimwa na picha. Mzee anachukua programu ya mazishi, anaangalia ile picha ya pasipoti, imeishia kwa mabega, anasema: ah, huyu ni mfupi, chimbeni kidogo. Sanduku ikakwama. Shangazi yangu alikuwa ashazimia, vizuri kabisa, amelala. Sanduku ikarudi juu. Ikabidi shangazi ameamka, amepanguza nyasi, amengoja kuzimia tena. Kwaya ikaishiwa na nyimbo za mazishi, wakaingia za harusi. Pastor anauliza, nani alipima hii? Na kutoka ndani ya shimo tunasikia sauti ya mzee: Ni mimi, nilikosea."

Kisu ilisimama. Sista Rose akaweka kichwa kwa meza, kati ya vitunguu.

Jumapili hiyo hoteli ililipuka. Haswa hiyo ya mwisho, sauti ya mzee ndani ya shimo, niliifanya na koo, kama mtu ameinama. Watu walikuwa wanapiga meza. Na mimi nikasikia kitu imefunguka kwa kifua, nikawa mwepesi. Nikafikiri, kumbe hii ndio kulia yangu. Nikairudia kila Jumapili.

Hapo ndio niwaambie mambo ya simu. Zamani joke ilikuwa inabaki kwa hoteli. Ulikuwa unaweza kusema kitu Nakuru, Molo wasijue. Sai mtu wa chips anarekodi, na kabla umalize soda yako imefika kwenu. Hiyo klipu ilifika Keringet kabla mimi nijue iko.

Mama akanipigia.

"Chebet."

"Mama, chamgei."

Hakurudisha salamu. "Hiyo kitu umeongea kwa simu ya watu, nimeona."

"Ni joke tu, Mama. Ni kazi yangu."

"Mzee Langat ni kazi yako?"

"Sijasema jina."

"Kwani kaburi ya baba yako ilichimbwa na nani, na mzungu?" Nilisikia kuku huko nyuma. "Watoto wa shule wanamuita Mzee Pasipoti. Wanapita kwake wakifanya na vidole hivi kama wanampiga picha. Juzi kumekuwa na mazishi hapa juu, wakaenda kumuita achimbe. Amewaambia watafute mtu anajua kupima. Ameweka jembe kwa stoo, Chebet. Wewe ndio umeiweka huko."

Akakata.

Sasa ngojeni niwaambie kitu yenye Mama hakuwa anajua, na yenye sikuwa nimeambia mtu yeyote. Niko na daftari moja, ya kurasa mia mbili. Mbele naandika joke. Nikiigeuza, nyuma naandika mambo yangu. Mbele niliandika mzee alipima na picha ya pasipoti. Nyuma, siku ile ya mazishi, niliandika maneno mawili: Ni mimi.

Asubuhi ile nilikuwa mochari, fundi ameshaleta sanduku. Mzee Langat akanipigia kutoka nyumbani, nasikia jembe za wengine zikigonga. Akaniuliza, "Chebet, sanduku ni futi ngapi?"

Nikamjibu, "Tano na inchi kumi na moja."

Hiyo si urefu wa sanduku. Hiyo ni urefu wa Baba. Kwa mlango wa stoo yetu ya viazi Baba alikuwa anatupima na makaa kila Krismasi, na juu kabisa aliweka alama yake mwenyewe, ndio tujue tunaenda wapi. Hiyo namba niliijua kama jina yangu. Sanduku ilikuwa hapo mbele yangu, fundi ako na tepu kwa mfuko, ningeweza tu kumuambia apime. Lakini mzee alisema hilo neno sanduku na mimi sikutaka liingie. Kwa kichwa yangu Baba bado alikuwa na urefu. Hakuwa na sanduku.

Na pale kaburini, Pastor akiuliza nani alipima, mimi nilikuwa nimesimama hatua mbili kutoka kwa shimo. Nilifungua mdomo. Mzee Langat akainua macho akaniangalia. Hakuwa na hasira. Akasema, "Ni mimi, nilikosea." Akainama akaendelea kuchimba.

Mnaelewa? Alichukua makosa yangu mbele ya kijiji yote, ndio nisiaibike nikizika baba yangu. Na mimi nikachukua hayo maneno yake, nikayafanya na koo, watu wakapiga meza.

Nilimpigia simu. Hakushika. Nikapiga siku tatu. Mwishowe nikafunga safari.

Nilimkuta nje ya nyumba na gunia za viazi zimemwagwa, anachagua. Kubwa za soko, za katikati za mbegu, ndogo za kupika. Bibi yake akaniletea kigoda akaingia ndani haraka, kama mtu anaona mvua.

"Chamgei, Mzee."

"Chamgei." Hakuinua kichwa. "Shika hiyo upande."

Nikaanza kuchagua. Nilikuwa nimepanga maneno mazuri njia nzima na sasa mkononi niko na kiazi.

"Mzee, nimekuja kuomba msamaha."

"Hiyo ni mbegu. Umeweka kwa soko."

Nikaitoa. "Mzee, wewe unajua ni mimi nilikupea namba mbaya."

"Najua."

"Ulijua siku ile?"

"Nilichimba futi sita na kidogo kwa sababu uliniambia tano na kumi na moja. Mimi hujazia kidogo. Mtu akiniambia, namuamini." Akatupa kiazi. "Hiyo pia ni mbegu, Chebet. Kwani Nakuru mnakula mbegu?"

"Naomba msamaha, Mzee. Nilikosea."

"Na ile joke ya picha, uliisemea wapi? Ulikuja hapa ukaniambia mimi?"

"Hapana."

"Ulisemea wapi?"

"Mbele ya watu."

"Basi," akasema, akaendelea kuchagua.

Mwaka mmoja tangu tumzike Baba ulikuwa karibu kufika, na kwetu mwaka ukifika tunaweka msalaba wa simiti, tunaomba, tunakunywa chai. Kijiji yote inakuja. Nikampigia Mwaura nikamuambia nataka kusema ukweli hiyo siku.

"Chebet, hiyo ukweli ni kali kuliko joke yenyewe," akasema. "Enda urekodi."

"Mwaura, hiyo si shoo."

"Kila mahali kuna watu na wewe uko na maiki ni shoo. Mimi nakuambia tu."

Nilimkasirikia. Lakini hata nikienda nilikuwa nashindwa kujua kama nimebeba toba ama nimebeba set ya hoteli. Kwa gari nilijipata napanga ni sentensi gani ianze. Hiyo ndio kitu hii kazi inakufanyia, vijana. Inaingia mpaka kwa mahali unapiga magoti. Nilifika nikawacha simu ndani ya nyumba, chini ya mto, kwa sababu sikujiamini.

Mzee Langat hakuja kwa hema. Lakini kaburi ya Baba iko karibu na ile waya ya mpaka, na tukianza kuomba nikamuona upande wake, kwa shamba yake, amesimama mikono kwa waya. Ilikuwa ni kama amekuja kuangalia viazi.

Pastor akanipatia maiki, akidhani nitashukuru wageni. Wengine walikuwa washaanza kutabasamu. Wameona klipu. Wanangoja.

Nikasema, "Ile kitu mliona kwa simu ni uongo." Nikawaambia yote. Mochari, fundi na tepu kwa mfuko, alama ya makaa kwa mlango wa stoo, futi tano inchi kumi na moja. Nikawaambia nani alisema "Ni mimi, nilikosea," na alikuwa anafunika nani. Hakuna mtu alicheka. Nikasikia sufuria ya chai ikichemka kwa jikoni. Shangazi, yule wa kuzimia, ananiangalia kama hajawahi kuniona.

Nilitafuta Mama. Sikuangalia uso. Mikono yake ilikuwa imeshika kikombe, imekaza, kama ni kitu itatoroka.

Nilikuwa nimemaliza maneno. Kwa stage ukimaliza maneno unashuka. Hapo sikujua mtu anashukia wapi.

Kisha kutoka upande wa pili wa waya tukasikia:

"Ulikosea na inchi ngapi?"

Watu wote wakageuka.

"Nane, Mzee," nikasema.

"Tisa," akasema Mzee Langat. "Ni mimi nilizichimba, na nyinyi mkiimba. Wimbo ya mwisho ilikuwa ya harusi. Hapo Chebet hakudanganya."

Nikaangalia mikono ya Mama. Kikombe ilianza kutetemeka. Chai ikamwagika kwa kitenge, na bado anatetemeka, na ndio nikainua macho nikaona meno yake. Mama anacheka. Anacheka mpaka ameinama kwa magoti, na sekunde mbili baadaye hema yote ikaanguka, kwaya ndio ya kwanza, Pastor ameficha uso na Biblia. Na mimi nimesimama na maiki, na nikasikia sauti kwa spika kama ya mbuzi, nikajiuliza ni nani huyo, kumbe ni mimi nalia. Mwaka mzima. Ilikuja hapo, watu wakicheka, na sikuweza kuizima, na hata sijui kama yote ilikuwa kulia.

Mzee Langat hakuruka waya. Aliangalia kidogo, akarudi kwa viazi yake.

Nilirudi Nakuru nikajaribu kusema ile ya ukweli kwa hoteli. Kisu ya Sista Rose ilisimama. Mbele, watu walinyamaza mahali nilidhani watacheka, wakacheka mahali sikuweka kitu. Nikishuka, mwanaume mmoja akanifuata na sahani ya chips mkononi, akaniambia bibi yake alizikwa na nguo yenye si yake, mochari walichanganya, na hajawahi kuambia mtu. Akacheka. Akaniangalia, anangoja. Alitaka nimuambie nini? Mimi nilikuwa na dakika nane za maneno ya baba yangu, sikuwa na ingine ya bibi yake. Nikamuambia pole. Nikaenda nyumbani, na Jumapili iliyofuata sikurudi. Mwaura alinipigia mpaka akachoka. Anasema niliogopa. Labda. Sai nafanya kazi ya hardware, nauza mabati na misumari, na mkiniuliza kama nimepona nitawaambia muulize kitu ingine.

Kwa hivyo, mnaanzaje? Anza jikoni. Angalia mikono. Ukitaka kuongea juu ya maiti yako, kwanza uliza ni nani mwingine ako ndani ya hiyo joke na amebeba nini yako. Mimi sikuuliza. Ingine yote sijui, na mwenye atawaambia anajua, mwangalieni mikono.

Imebaki moja. Wiki tatu baada ya kuweka msalaba, niko kwa kaunta, simu ikalia. Mzee Langat. Hajawahi kunipigia tangu asubuhi ile ya mochari.

"Chebet. Uko Nakuru?"

"Niko, Mzee."

"Mama ya pale kwa daraja ametuacha. Amelala mochari huko Nakuru, tunamzika kesho. Jembe nimetoa." Akakohoa. "Enda huko kwa fundi unipimie. Sanduku, Chebet. Umesikia? Si mama. Sanduku."

Sijui kama hiyo ilikuwa joke. Mpaka leo sijui, na yeye siwezi kumuuliza. Nilitoa tepu kwa shelfu ya duka, nikaenda. Nilipima mara tatu, fundi akiniangalia kama niko na wazimu. Halafu nikampigia mzee nikasema, kwa sauti, na hilo neno likatoka lote:

"Mzee, sanduku ni futi sita na inchi nne."

"Una hakika?"

"Niko na hakika."

"Sawa," akasema. "Mimi nitaongeza kidogo."